Mwongozo kamili: kutengeneza dokumentari fupi kuhusu historia na kumbukumbu za Wayahudi, hatua kwa hatua

Nimeandika huu mwongozo kwa sababu kazi ninazotumiwa na vijana zinakwama palepale kila mara. Mtu kampata mzee wa kuongea naye, kamera anayo na ni nzuri tu, ila filamu ikiisha unagundua umeona picha nyingi za zamani za nyeusi na nyeupe, umesikia kinanda cha huzuni na msimulizi anasoma tarehe, halafu yule mzee mwenyewe kaongea sentensi mbili akakatwa. Inakuwa kitabu cha shule kilichowekewa muziki.

Kamera haina kosa. Ishu ni kwamba watu wanataka kuonyesha yaliyopita wakati yaliyopita hayapo tena mbele ya lenzi, aliyepo ni mtu anayekumbuka leo, amekaa kwenye kiti chake, kwa sauti yake, na vitu vyake mezani. Kila hatua hapa chini inakusaidia kurekodi huko kukumbuka.

Mfano nitakaokuwa nao ni filamu ya dakika 15 hivi kuhusu familia ya Abayudaya, wale Wayahudi wa Uganda wanaoishi maeneo ya Mbale. Ila ukiwa Nairobi, Berlin au Toronto utaratibu ni uleule.

## Vitu vya kuwa navyo kwanza

- Kamera au simu inayorekodi vizuri, pamoja na stendi. Usishike mkononi kwenye mazungumzo marefu.
- Maiki ya kubana kwenye nguo na hedifoni. Kama bajeti inatosha kitu kimoja tu, nunua maiki. Picha yenye giza kidogo watu wanaivumilia, sauti mbaya wanaizima.
- Memori kadi za kutosha. Ukirekodi 4K kwa megabiti 100 kwa sekunde unakula kama gigabaiti 45 kwa saa, yaani kadi ya 64 haimalizi hata saa moja na nusu.
- Diski za nje (hard disk) mbili zinazokaa sehemu mbili tofauti.
- Fomu ya ridhaa kwa lugha anayoielewa mzee, na mkalimani kama lugha yake huijui.
- Kalenda ya Kiyahudi. Ipo bure mtandaoni, ipakue kabla hujapanga ratiba.
- Programu ya kuediti. DaVinci Resolve ina toleo la bure na kwa kazi hii linatosha kabisa.

## Hatua ya 1: Andika swali moja

"Historia ya Abayudaya" siyo swali, hiyo ni maktaba. Ukianza nayo utalazimika kumweleza Semei Kakungulu, yule kamanda wa Kiganda aliyefanya kazi na Waingereza, akakosana nao, na mwaka 1919 akaingia Uyahudi na kujitahiri yeye na wanawe, halafu wamisionari, halafu Amin aliyewapiga marufuku wakawa wanasali kwa kujificha, na dakika 15 zimeisha hujamsikia mtu hata mmoja.

Tafuta siku moja. Mfano mzuri huu hapa: tarehe 11 Aprili 1979 Kampala iliangukia mikononi mwa jeshi la Tanzania na Waganda waliokuwa uhamishoni, na jioni ya siku hiyohiyo ndiyo Pasaka ya Kiyahudi ilianza. Sikukuu ya kukumbuka kutoka utumwani Misri, na utawala wa Amin umeanguka siku hiyo! Kwa hiyo swali lako linaweza kuwa: familia hii inaikumbukaje Pasaka ya 1979, na inawasimuliaje watoto waliozaliwa baadaye?

Swali la namna hii lina mtu, lina mahali, lina siku. Na lina mlango kwa mtazamaji wetu, maana Mtanzania anaweza kuwa na baba mdogo aliyetembea kutoka Mutukula mpaka Kampala na hajawahi kujua kwamba kule vilimani kulikuwa na watu wanasubiri kufungua sala zao hadharani.

Utajuaje limekaa sawa: mwambie rafiki kwa sentensi moja. Akiuliza "ehe, ikawaje?" endelea. Akisema "ahaa, vizuri" rudi ukaliandike upya.

## Hatua ya 2: Tengeneza jedwali la safu mbili

Chukua karatasi, gawa katikati. Kushoto andika kinachosemwa na nyaraka, kulia kinachosemwa na watu. Tarehe kwa tarehe.

Nyaraka unazipata wapi? Yad Vashem, kituo cha kumbukumbu cha Jerusalem, na makumbusho ya Holokosti (mauaji ya Wayahudi yaliyofanywa na Wanazi wa Ujerumani) ya Washington wana picha, majina na filamu ambazo nyingi unaziona bure mtandaoni. Hifadhi ya nyaraka ya Arolsen, Ujerumani, wana rekodi za wafungwa wa Wanazi na waliohamishwa. USC Shoah Foundation, iliyoanza 1994, ina shuhuda zaidi ya 50,000 za video, na siku hizi zimo pia za manusura wa mauaji ya kimbari ya Rwanda, hizo zitazame kabisa ujifunze mtu anavyoulizwa. Kwa habari za Kenya kuna Hifadhi ya Nyaraka za Taifa (Kenya National Archives) pale Nairobi.

Safu mbili zitapishana. Mzee atasema mvua ilinyesha, gazeti halisemi. Mwingine atasema wanajeshi walifika Ijumaa, kalenda inasema tarehe 11 ilikuwa Jumatano. Usimsahihishe mbele ya kamera! Hapo panapopishana ndipo penye filamu, kwa sababu jamii ikiwa imehamisha siku ujue kuna sababu, labda Ijumaa ndiyo jioni ya kwanza waliyowasha mishumaa bila kufunga dirisha. Muulize kuhusu Ijumaa hiyo.

Onyo: kukataa kumsahihisha mzee hakukupi ruhusa ya wewe kukosea. Maandishi yako kwenye skrini lazima yawe sahihi. Kosa ninaloliona sana ni ule "mpango wa Uganda" wa 1903, pale Waingereza walipompa Herzl, kiongozi wa harakati za kuwatafutia Wayahudi nchi yao, wazo la makazi ya Wayahudi Afrika Mashariki, watu wanaweka ramani ya Uganda ya leo wakati ardhi iliyotajwa ni Uasin Gishu, Kenya. Mtazamaji wa Eldoret akiona hiyo ramani hakuamini tena mpaka mwisho.

## Hatua ya 3: Nenda kwanza bila kamera

Nenda ukae, usikilize, ule ulichopewa. Lengo la safari ya kwanza ni kujua nani anashika kumbukumbu za familia, na mara nyingi siyo yule msemaji aliyezoea wageni. Msemaji ana hadithi iliyonyooka sana kwa sababu kaisimulia mara nyingi, wakati dada yake aliyekaa jikoni anakumbuka nani alikuwa analia na sufuria gani ilitumika.

Mambo ya adabu ambayo yakikupita yanakufungia mlango:

Sabato inaanza Ijumaa jua linapozama mpaka Jumamosi usiku. Wanaoishika hawarekodiwi, hawawashi vifaa, na kamera haiingii sinagogi muda huo. Usiombe hata "kidogo tu". Sikukuu kubwa ni hivyohivyo, ndiyo maana nikasema kalenda.

Mwanaume afunike kichwa akiingia sinagogi au makaburini. Makaburini utaona vijiwe vimewekwa juu ya kaburi, ni heshima kwa marehemu, usivisogeze ili kupata picha safi. Zawadi ya chakula uliza kwanza, wengi wanafuata kosheri, yaani sheria za Kiyahudi za chakula.

Na salamu zetu zinabaki palepale. Kwa Luganda bibi au babu anaitwa Jjajja, piga goti kama mahali panataka goti, mkalimani wako akuelekeze.

## Hatua ya 4: Ridhaa kabla ya kuwasha chochote

Msomee fomu kwa sauti, kwa lugha yake. Mwambie filamu itaonekana wapi, kwamba ikishaingia mtandaoni huwezi kuirudisha, kwamba anaweza kukataa swali lolote, na anaweza kuomba kitu kiondolewe kabla haijatoka. Kisha arudie kwa maneno yake alichoelewa, urekodi hilo.

Kwa watu waliowahi kuteswa kwa sababu ya dini yao hii siyo karatasi ya ofisini. Jina lao kuandikwa mahali liliwahi kuwa hatari, na chuki dhidi ya Wayahudi ipo mpaka leo na mitandaoni ndiyo imejaa. Kwa hiyo muulize pia kama jina kamili na mahali anapoishi vionekane. Akisema hapana, ni hapana.

## Hatua ya 5: Chagua mahali pa kukaa

Hapa lazima nimtaje Claude Lanzmann, Mfaransa aliyetengeneza *Shoah*, filamu ya 1985 yenye saa 9 na nusu hivi, aliyoifanyia kazi zaidi ya miaka 10. Ndani yake hamna hata klipu moja ya zamani. Ni watu wanaongea na mahali palivyo sasa, misitu, reli, mashamba. Simon Srebrnik, aliyekuwa mtoto alipofungwa Chełmno, kambi ya mauaji ya Wanazi, anarudishwa pale Poland kwenye mto uleule aliokuwa akiimbishwa na walinzi, na anaimba tena kwenye mtumbwi. Abraham Bomba, kinyozi aliyelazimishwa kuwakata wanawake nywele pale Treblinka, kambi nyingine ya mauaji, anaongea akiwa ndani ya saluni huko Israel, mkasi mkononi, kuna mteja kakaa.

Ona kinachotokea kwa Bomba. Mikono inafanya kazi iliyoizoea, mdomo unasimulia, na kuna mahali mikono inaendelea lakini sauti inakata. Huwezi kupata hicho ukimkalisha mtu mbele ya shuka jeusi na taa mbili.

Kwa hiyo muulize Jjajja siku hiyo alikuwa anafanya nini. Kama alikuwa anaandaa mkate usiotiwa chachu, rekodi jikoni akiuandaa.

Ila sikiliza onyo hili kwa makini. Bomba alipokwama aliomba waache, Lanzmann akamsisitiza aendelee, na watu wanabishana mpaka leo kama alikuwa na haki. Mimi msimamo wangu ni huu: wewe huna hiyo haki. Mtu akisema basi, zima kamera, kaa naye, mletee maji, na siku hiyo kazi imeisha. Usiondoke haraka ukamwacha na hayo uliyoyafukua, hakikisha kuna ndugu atakayebaki naye jioni.

## Hatua ya 6: Rekodi mazungumzo

Mipangilio haraka haraka: umeme wetu ni hezi 50, kwa hiyo weka fremu 25 kwa sekunde na shata 1/50 ili taa zisichezecheze kwenye picha. Sauti iwe kilohezi 48, na kilele kicheze karibu na desibeli -12, isiguse sifuri. Zima friji na feni, na uandike "washa friji" kwenye karatasi ubandike mlangoni, chakula cha watu kisiharibike. Mkimaliza wote mnyamaze rekodi ukimya wa chumba kwa dakika nzima, utauhitaji kuziba mapengo kwenye kuediti.

Sasa maswali. Hapa ndipo wengi wanaharibu, maana wanauliza "ulijisikiaje?" na mzee anajibu "vibaya", basi. Uliza vitu vinavyoonekana na kusikika.

Tuseme unaongea na bibi:

"Jjajja, jioni ile mlikaa wapi?"

"Pale, nyuma, kwa kaka yangu."

"Nani alikuwa mlangoni?"

"Mimi. Nilikuwa mdogo, wadogo ndio tulikuwa tunaangalia njia."

Maswali mawili tu na tayari una mtoto aliyewekwa mlangoni kuangalia kama askari wanakuja. Hapo usikimbilie swali la tatu. Nyamaza. Hesabu kimoyomoyo mpaka kumi, ukimya utakuuma lakini mzee ndani ya ukimya huo anatafuta, na mara nyingi kinachofuata ndicho kitabaki kwenye filamu.

Mkalimani usimfiche. Lanzmann aliwaacha wakalimani wake wakasikika, mara nyingi wakaonekana kabisa, kwa hiyo unamwona Lanzmann anasubiri, unaona sura ya anayejibu kabla hujajua kasema nini. Kwetu ambako mazungumzo mamoja yanaweza kupita Luganda, Kiswahili na Kiingereza, hii ni zawadi. Mwambie mkalimani atafsiri kama ilivyosemwa, kwa "mimi", asifupishe na asipambe. Mzee akisema kitu kigumu mkalimani akakilainisha, umekipoteza.

Dalili ya mafanikio: saa moja ya mazungumzo, maswali yako hayazidi ukurasa mmoja, na mzee kaanza kukumbuka vitu ambavyo hata mwanawe aliyekaa pembeni anashangaa "hiyo hukuwahi kutuambia". Saa moja na nusu ikifika simama hata kama yananoga, rudi kesho.

Usiku uleule nakili mafaili kwenye hard disk zote mbili kabla hujala. Kadi usiifute mpaka umefungua klipu na kuzisikiliza.

## Hatua ya 7: Rekodi vitu vidogo

Ndani ya geto la Warsaw, Poland, yaani mtaa uliozungushiwa ukuta ambamo Wanazi waliwafungia Wayahudi, mwanahistoria Emanuel Ringelblum na wenzake walikusanya kwa siri ushahidi wa maisha yao wakaufukia chini ya ardhi kwenye masanduku ya chuma na makopo ya maziwa. Sehemu ilifukuliwa 1946, nyingine 1950. Mle ndani, pamoja na shajara na ripoti, kulikuwa na tiketi za tramu na makaratasi ya peremende. Watu waliokuwa wanakaribia kuuawa waliona karatasi ya pipi inastahili kuhifadhiwa.

Fanya kama wao. Kitabu cha sala kilichoshonwa upya, kigoda, bawaba ya dirisha lililokuwa likifungwa, maandishi nyuma ya picha. Kila kitu sekunde 20 kamera ikiwa imetulia, na muulize mwenyewe kimetoka wapi huku akikishika.

## Hatua ya 8: Picha za zamani, uliza nani alishika kamera

Ukilazimika kutumia klipu ya zamani, kabla hujaiweka jibu maswali manne: nani alirekodi, kwa amri ya nani, lini, na waliomo walikubali?

Mwaka 1944 kwenye kambi ya Westerbork, Uholanzi, kamanda wa Kijerumani aliamuru kambi irekodiwe, na aliyerekodi ni Rudolf Breslauer, Myahudi aliyekuwa mfungwa hapohapo na mwaka huohuo naye akapelekwa kambi ya mauaji ya Auschwitz. Kuna sekunde chache za msichana aliyefunga kitambaa kichwani, anachungulia mlango wa behewa. Kwa miaka mingi picha yake ilitumika duniani kote kama sura ya Wayahudi waliouawa, bila jina. Mwaka 1994 mwandishi wa habari wa Uholanzi, Aad Wagenaar, alifuatilia na kugundua kwamba msichana huyo hakuwa Myahudi kabisa, alikuwa Msinti, Settela Steinbach, mwenye miaka 9. Wasinti na Waroma, jamii nyingine za wachache za Ulaya, nao waliuawa na Wanazi, na mtoto wao alikuwa amekaa miaka 50 ndani ya kumbukumbu ya watu wengine, jina lake halijulikani. Kila ukitaka kudaka klipu "ya huzuni" mtandaoni, mkumbuke Settela.

Au zile filamu za geto la Warsaw za Mei 1942. Zilirekodiwa na Wajerumani kwa ajili ya propaganda, hazina sauti, na kwa miaka mingi zilitumiwa kama ukweli mtupu. Baadaye, 1998, zikapatikana klipu zilizoachwa nje, na mle unaona tukio lilelile linarudiwa mara kadhaa, yaani watu walikuwa wanaigizishwa. Adam Czerniaków, mkuu wa baraza la Wayahudi la geto, alikuwa anaandika shajara, na siku za urekodi huo zimo humo kwa mkono wake. Ukiweka klipu na shajara pamoja mtazamaji anajua anaona nini. Ukiweka klipu peke yake umemsaidia aliyeirekodi.

Kwa hiyo kila klipu iwe na maandishi ya chini yanayosema imetoka wapi na nani aliirekodi. Ukikosa majibu ya yale maswali manne, iache. Na hakimiliki uliza kwa barua pepe kwenye taasisi yenyewe, kuiona bure haimaanishi kuitumia bure.

## Hatua ya 9: Editi kwenye karatasi kwanza

Andika mazungumzo yote neno kwa neno na dakika zake pembeni. Inachosha, saa moja ya sauti inaweza kula saa nne mpaka sita, ila ukiruka hapa utaediti kwa kubahatisha. Tafsiri ikaguliwe na mtu wa pili asiyekuwa mkalimani wako.

Piga mstari sehemu zilizokugusa, kata vipande, vipange mezani. Kisha ingia kwenye kompyuta.

Sheria zangu ni chache. Jibu lisikatwe kabla halijaisha. Ukimya ubaki, usiuzibe kwa muziki. Muziki uwe ule uliorekodi pale, Abayudaya wanaimba zaburi kwa Luganda kwa namna ambayo hakuna kinanda cha kupakua kitakachoikaribia. Msimulizi asiseme kitu ambacho mzee kashasema.

Kujua imekaa sawa, zima picha usikilize sauti peke yake. Ukiifuata hadithi mpaka mwisho uko vizuri.

## Hatua ya 10: Waonyeshe wao kwanza

Kabla ya tamasha, kabla ya Yutyubu, rudi na laptopu uwaonyeshe familia, na siyo Ijumaa jioni. Kaa pembeni uwaangalie. Watabishana, huyu atasema haikuwa nyumba ile, yule atasema jina limekosewa. Yaandike yote. Majina na tahajia rekebisha siku hiyohiyo, wakiomba sehemu itolewe itoe, na kama ubishi wenyewe ni mzuri omba ruhusa uwashe kamera tena, kwa sababu hapo jamii nzima inakumbuka kwa pamoja na hukuuliza swali lolote.

Ukimaliza waachie nakala mbili: filamu yenyewe, na mazungumzo yote bila kukatwa, kwenye fleshi yenye lebo ya jina, tarehe na lugha. Nakala ya tatu, wakikubali, ipeleke kwenye maktaba au hifadhi watakayoichagua wao.